Papasini za Meza ya Bachis

Nataka kuandika habari za Tatana Murru mapema, kabla kijiji kizima cha Oruvei hakijazieneza kinavyotaka, maana mdomo wa kijiji chetu hauna breki. Mimi ni jirani yake. Ukuta wa jiko langu ndio ukuta wa jiko lake, na kwa miaka mingi nimemsikia kupitia ukuta huo akiimba, akipiga chafya, akimfokea mbwa na akikatakata lozi. Nikisema namjua, basi sikusimuliwa na mtu.

Ni mwanamke mfupi, mnene wa kutosha, mwenye mikono ambayo ukiiona peke yake utadhani ni ya mwashi. Alipokuwa msichana walimpeleka Cagliari, mjini kule pwani, kufanya kazi za ndani kwa wakili mmoja. Hakumaliza hata msimu. Siku moja alionekana akipanda mlima na kifurushi chake kichwani, na baba yake alipomuuliza kulikoni, akamjibu, "Baba, wale watu wanakula kama wagonjwa, halafu ile bahari inapiga kelele usiku kucha. Nimerudi." Hakuondoka tena. Alikaa na mama yake kwenye tanuri ya kuni, wakioka ile mikate myembamba ambayo wachungaji huibeba malishoni, na hapo ndipo alipojifunza papasini.

Hapa lazima niseme neno moja, vinginevyo nitapasuka. Siku hizi duka la chini bondeni linauza papasini ndani ya mifuko ya plastiki inayong'aa, mwaka mzima, hata wakati wa Pasaka, na wapo wanawake wa hapahapa kijijini, tena nawajua kwa majina, wanaozinunua na kuzipanga kwenye sahani zao kana kwamba wamezioka wenyewe. Mungu awasamehe, mimi bado. Papasini ni biskuti ya vuli. Zabibu zikishavunwa na kuanikwa mpaka zikanyauka, lozi na jozi zikishadondoka, na maji ya zabibu yakishachemshwa siku nzima mpaka yakawa meusi na mazito kama asali, hapo ndipo mtu anakunja mikono ya nguo. Unga, mafuta ya nguruwe, mayai, ganda la chungwa, mdalasini, karafuu kidogo, na mbegu za shamari ya mwitu. Unakanda, unasukuma, unakata vipande vya pembe nne vilivyolala upande. Bila zabibu kavu hakuna papasini. Hata jina lenyewe linatokana na zabibu hizo.

Tatana hakuwahi kusaga lozi kwa mashine. Binti yake wa pekee, anayeishi Torino, alimletea mashine nzuri ya umeme, na Tatana akaitumia kushikilia dirisha lisifungwe na upepo. "Mashine inatoa vumbi," alikuwa akiniambia. "Mimi nataka meno yakutane na kitu." Basi kila mwisho wa Oktoba nilikuwa nasikia kisu chake ukutani, tak tak tak, mchana kutwa, nami nikawa najua kwamba Siku ya Watakatifu Wote imefika bila kutazama kalenda.

Mumewe aliitwa Bachis. Alikuwa mchungaji, na kama wachungaji wengi alikuwa akiyatumia maneno kwa ubahili. Anaweza kuja kwako, akakaa, akanywa glasi ya mvinyo, akaondoka, na wewe ukabaki unajiuliza kama alikusalimia. Lakini kulikuwa na siku moja katika mwaka ambayo Bachis alisema sentensi nzima. Tatana alipotoa trei ya kwanza ya papasini, Bachis aliokota moja ingali moto, akaila amesimama, kofia kichwani, huku mkewe akimwangalia mdomoni. Kisha alisema, "Zako nitazijua hata nikiwa kaburini." Ni hivyo tu. Baadaye alifunga nyingine nyingi kwenye kitambaa, akaenda nazo zizini. Na Tatana, mama mtu mzima mwenye mvi, alikuwa akiona haya kama mchumba. Nilikuwa namsikia kupitia ukuta akichekacheka peke yake.

Machi mwaka huu Bachis alijilaza mchana na viatu vyake miguuni, na hakuamka. Tatana alimgombeza kwanza kwa ajili ya viatu. Alimgombeza vizuri tu, kwa sauti, na mimi niliyasikia yote, mpaka sauti ikakatika. Nikaacha sufuria jikoni na kukimbia.

Alivaa nyeusi, akafunga madirisha ya upande wa barabara, akafunika televisheni kwa shuka. Sisi majirani tulimpikia kama inavyotakiwa, kila nyumba kwa zamu. Alivipokea vyote. Kwetu nyumba yenye msiba haikandi kitu kitamu mpaka mwaka uishe. Harufu ya mdalasini ikitoka kwenye nyumba hiyo, watu watasema mjane ameshachoka kulia. Tatana aliijua sheria hiyo kabla ya kujua kusoma. Yeye mwenyewe aliwahi kuwasema wengine.

Lakini Oktoba ilipokaribia kwisha, nilimwona anazunguka uani kama kuku anayetafuta pa kutagia. Ukuta wangu ulikuwa kimya, na ukimya ule ulinikera kuliko kelele. Nikatoka.

"Shangazi Tatana, una nini? Umepoteza kitu?"

"Sina kitu."

"Huna kitu, na umeifagia kona hiyo mpaka jiwe linalia."

Akaweka ufagio. Aliangalia pande zote mbili, halafu akanishika mkono na kunivuta karibu na mti wa komamanga.

"Nigolosa, usiku wa marehemu ni kesho."

"Najua. Nitakuletea papasini, na wengine watakuletea. Sahani haitakuwa tupu."

"Ndiyo hilo!" akasema, na macho yakamjaa machozi papo hapo. "Ndiyo hilo linaloninyima usingizi. Hii ni meza yake ya kwanza. Mtu anatoka huko alikotoka, anarudi kwake mara ya kwanza, anakuta nini? Papasini zako. Usinielewe vibaya, zako nzuri, ingawa unabania mdalasini..."

"Nabania mdalasini?"

"Unabania, kila mtu anajua. Lakini yeye alisema zangu atazijua hata akiwa kaburini. Sasa yuko kaburini. Akionja ya mtu mwingine atasema mke wangu amenisahau, hata mwaka haujaisha. Atarudia mlangoni."

Sikucheka. Ukiwa mgeni unaweza kucheka. Usiku ule, sisi sote hutandika meza na kuacha mlango bila kufungwa, tunaweka mkate, makaroni, mvinyo na maji, na tunaondoa visu ili marehemu wasije wakajikata gizani. Wao hula harufu tu. Asubuhi chakula kiko vilevile, na kinakwenda kwa mwenye shida. Lakini kinachowekwa kina maana. Tatana alitaka jambo moja tu: mumewe akirudi akute kilichokandwa kwa mikono yake. Na hilo ndilo jambo moja alilokatazwa.

"Inayokatazwa ni nyumba," nikasema baada ya kufikiri.

"Eh?"

"Watu husema nyumba yenye msiba haikandi. Sijawahi kusikia mikono ikitajwa. Nyumba yangu haina msiba. Njoo ukande kwangu."

"Wewe Nigolosa, ungekuwa mwanamume ungekuwa mwizi wa kondoo."

"Njoo kesho asubuhi, kwa mlango wa uani."

"Na Mallena je?"

Hapo hata mimi niliangalia nyuma. Mallena ni dada mkubwa wa Bachis. Ni mrefu, mkavu, na hajawahi kukosea siku ya mfungo. Ndiye anayejua nani alivaa nyeusi miezi mingapi na nani aliivua mapema. Yeye na Tatana wameitana wifi miaka arobaini na kitu, na neno hilo midomoni mwao linaweza kuwa busu au kofi kutegemea siku.

"Mallena ana tanuri yake," nikasema. "Atakuwa anashughulika na yake."

Asubuhi iliyofuata Tatana aliingia kwangu na kikapu kilichofunikwa kwa shali. Alikuja na lozi zake, jozi zake, shamari yake na chupa ya asali yake ya zabibu. Mafuta yangu aliyanusa kwanza kabla ya kuyakubali. Mdalasini wangu hata hakuufungua. Alitoa wake mfukoni. Nikanyamaza, maana aliyefiwa hujibiwa mwaka ukiisha.

Alipoanza kukatakata, mabega yake yalishuka. Nilikuwa sijamwona hivyo tangu Machi. Alikata bila kuangalia kisu, akakanda bila kupima chochote, akaloweka zabibu kwenye mvinyo mtamu, akazikamua kiganjani na kuzitupia ndani ya unga kwa ukarimu wa kutisha. Uso wake ulikuwa mwekundu, mikono ni unga mpaka viwikoni juu ya nguo nyeusi. Akaanza hata kuimba chinichini, akajikumbuka, akaacha. Mimi nilikuwa na furaha. Naliandika wazi kwa sababu watu hudhani jirani wa mjane hukaa amenuna. Nilikuwa na furaha tele, na jiko lilinukia chungwa.

Kosa letu lilikuwa hapo. Tulifunga mlango, tukafunga dirisha, tukasahau kwamba bomba la moshi halifungwi. Nilikuwa nimeweka maganda ya chungwa na punje za shamari juu ya jiko zikauke, na Oruvei nzima inaijua shamari ya Tatana, huichuma mahali ambapo hajamwambia mtu.

Mlango wangu una ufunguo uliochomekwa nje, kama milango yote ya kwetu. Nikasikia unazunguka. Mallena akaingia bila hodi, amevaa nyeusi juu mpaka chini, ameshika sahani iliyofunikwa kwa kitambaa cheupe.

"Nimegonga nyumbani kwa wifi yangu," akasema, "hakuna mtu. Nikasema labda yuko makaburini anamlilia mumewe. Kumbe yuko kwa Nigolosa anamlilia kwenye unga."

Tatana hakuficha mikono. Angeificha wapi?

"Wifi, karibu," akasema.

"Sikaribii! Mwaka haujaisha! Kaka yangu hajakauka, na wewe unanukiza mtaa mzima kama harusi!"

"Hii ni nyumba yangu, shangazi Mallena," nikadakia. "Na nyumba yangu haina msiba."

"Wewe nyamaza, nitakufikia. Huyu ametoka kwenye nyumba ya nani? Nguo nyeusi aliyovaa ni ya nani? Unadhani Mungu anadanganywa kwa ukuta?"

"Mallena," Tatana akasema, "sikandi ili nile. Ni za meza yake. Ni usiku wake wa kwanza. Sitaki aje akose changu."

"Hatakosa kitu. Nimemletea." Akaiweka sahani mezani, katikati ya unga wetu, na kuivua kitambaa kama padre anavyofunua kikombe. "Hizi ndizo atakazokula."

Tukainama sote kuangalia. Zilikuwa papasini, hakuna ubishi. Umbo lake, rangi yake, vipande vya lozi vinaonekana. Lakini kulikuwa na kitu hakiko sawa, na mimi ulimi wangu haujui kusubiri.

"Shangazi Mallena, pole. Mwaka huu zabibu zenu ziliungua?"

"Ziungue kwa nini?"

"Maana sioni hata moja humu."

Mallena akafunga mdomo. Nimemjua maisha yangu yote na sijawahi kumwona akifunga mdomo katikati ya ugomvi. Alianza kukirudisha kitambaa juu ya sahani, na Tatana akakishika kwa mkono wake wa unga.

"Wifi. Kwa nini hazina zabibu?"

"Ni za mama yetu. Mama alizoea hivyo."

"Mama mkwe alikuwa anatia zabibu. Nimekula zake nikiwa bibi harusi."

"Ulikula za sahani kubwa," Mallena akasema, akiangalia pembeni. "Kulikuwa na sahani ndogo."

"Ya nani?"

Nje mtu alipita na punda, tukamngoja apite.

"Ya nani, Mallena?"

"Ya Bachis! Haya, umefurahi? Ya Bachis! Kaka yangu hali zabibu kavu. Tangu utoto. Alipanda darini zilikoanikwa, akala mpaka tumbo likawa ngoma, akatapika siku mbili, na toka hapo akiiona tu koo linafunga. Mama akawa anamwokea zake pembeni."

Tatana akakaa. Hakuangalia nyuma kama kuna kiti. Bahati nzuri kilikuwepo.

"Lakini zangu alikuwa anakula," akasema.

"Moja. Kila mwaka moja, mbele yako. Aliimeza kama dawa."

"Na alizobeba kwenye kitambaa?"

"Aliwagawia wachungaji wenzake. Gonario alivyonenepa vile, ulidhani ni jibini?"

Nilitaka kucheka, nikajing'ata mdomo. Tatana alikuwa amepauka.

"Na wewe ulijua. Miaka yote hii umekaa nami meza moja, umejua."

"Aliniapisha," Mallena akasema, na sasa sauti yake ilikuwa ndogo, sauti ambayo sikujua anayo. "Mwaka ule wa kwanza ulipomletea sahani, mikono ilikuwa inakutetemeka mpaka papasini zinagongana. Alikula, akakwambia lile neno lake. Jioni alikuja kwangu rangi imemtoka kama limau, akanywa maji kata nzima, akaniambia, 'Ukimwambia, wewe si dada yangu tena.' Basi ningefanyaje? Sijasema mpaka leo. Na leo nimesema kwa sababu ya mdomo wa huyu Nigolosa."

"Miaka arobaini na kitu," Tatana akasema polepole, "nimelala na mwongo."

Kisha akalia. Alilia kwa hasira, alimwita Bachis majina ambayo sitayaandika katika juma la marehemu, na katikati ya majina hayo alisema, "Maskini mume wangu, maskini mume wangu," akayarudia majina yale, akarudia maskini. Alimkasirikia na kumpenda kwa pumzi moja. Mallena alisimama wima kama mshumaa, hajui aweke wapi mikono.

Tatana alipomaliza alijifuta kwa aproni yangu.

"Kwa hiyo usiku huu hatakula," akasema. "Atakuja, ataona sahani yangu, na mimi nitakuwa nimelala. Hakuna wa kumwangalia mdomoni. Atajilazimisha kwa ajili ya nani?"

"Ndiyo maana nimeleta zangu," Mallena akasema, tena kwa upole. "Weka hizi, wifi. Ale ashibe."

Tatana aliziangalia zile papasini za Mallena kwa muda mrefu. Nilidhani atakubali. Zilikuwa nzuri, na zingemtuliza.

"Hizo atakula kwa sababu ni za mama yake," akasema. "Mimi nataka ale kwa sababu ni zangu. Alau mara moja, ale kwa hamu yake."

Akavuta donge la unga mbele yake, kubwa kama kichwa cha ndama, akalipasua, akaingiza vidole viwili na kutoa zabibu. Akaiweka pembeni. Akatoa nyingine.

"Umechanganyikiwa," Mallena akasema. "Mwanamke, kanda upya."

"Lozi zimekwisha. Na asali ya zabibu ndiyo hiyo imeshaingia. Ni hili hili."

"Utamaliza Krismasi!"

"Nitamaliza nitakapomaliza."

Alitoa ya tatu, ya nne. Zabibu iliyoloweka mvinyo haitoki kwa heshima. Inateleza, inapasuka, inajificha nyuma ya kipande cha jozi. Na Tatana miwani alikuwa ameiacha kwake. Tulimwangalia akibonyeza lozi akidhani ni zabibu. Mallena alistahimili kidogo. Kisha akavua shali yake, akaikunja vizuri, akaiweka juu ya kiti, akaenda kunawa mikono kwenye beseni langu mpaka viwikoni.

"Sogea," akasema. "Huoni kitu. Unang'oa lozi, mpumbavu wewe."

"Wifi, mwaka haujaisha."

"Sijakuona hapa. Padre akiniuliza, hii ni nyumba ya Nigolosa na huu ni unga wa Nigolosa. Na wewe Nigolosa, unatuangalia nini? Keti!"

Tukaketi watatu. Tulifukua unga ule kama watu wanaochagua mchele, kila mmoja na fungu lake. Halafu Tatana akauliza, "Alitapika siku mbili kweli?" na Mallena akaanza kusimulia, jinsi walivyomkuta darini amelala juu ya mkeka wa zabibu, mashavu yananata, nzi wamemzunguka, na mama yao hakujua ampige au ampe maji. Tatana akasimulia naye: mwaka ambao Bachis alidai jino linamuuma sikukuu nzima, na yeye akamlowekea papasini kwenye maziwa, amlishe kwa kijiko.

"Kwa kijiko?" Mallena akasema. "Zabibu zimevimba?"

"Zimevimba! Akazila zote! Nikasema jamani, huyu anazipenda, hata jino halimzuii!"

Mallena alicheka mpaka akaegemea meza. Kicheko chake kina mluzi ndani yake, sikuwahi kujua. Tatana naye akacheka, huku machozi yamemrudia, na mimi nikala zabibu zilizokuwa zinatolewa, konzi baada ya konzi, kwa sababu ni dhambi kutupa. Kama kuna asubuhi niliyokaa vizuri jikoni kwangu ni ile.

Unga ulipokuwa safi, au safi kiasi cha macho yetu, Tatana aliusukuma, akakata. Vipande vilikuwa na matobo na makovu. Safari hii hatungezipaka sukari nyeupe wala kuzinyunyizia punje za rangi kama kawaida. Tulikubaliana bila kuongea kwamba msiba una heshima yake. Kabla ya kuingiza trei alisita. Akachukua zabibu moja kutoka kiganjani kwangu, niliyokuwa naipeleka mdomoni, akaibonyeza katikati ya kipande kimoja.

"Unafanya nini tena?" Mallena akauliza.

"Cha kumjaribu."

"Maiti hajaribiwi!"

"Huyu atajaribiwa. Amenidanganya mchana kweupe miaka yote."

"Na asipoila?"

Tatana alifikiria. "Asipoila, haidhuru. Nitajua tu kwamba sasa hanionei aibu."

Jioni alitandika meza kwake. Kitambaa cheupe cha harusi yao, mkate, makaroni yenye jibini ya zizini kwake, mvinyo, maji. Visu akaviondoa, akavifungia kabatini. Papasini akaziweka mahali Bachis alipokuwa akikaa, na ile yenye zabibu juu kabisa, inamtazama mtu usoni. Mallena alileta na sahani yake, na Tatana akaipa nafasi upande wa pili. Mlango ukaachwa na ufunguo wake nje. Kisha kila mtu akaenda kwake.

Asubuhi, kengele za kanisa hazijaanza, nikasikia ukuta unapigwa kwa ngumi. Nikaenda na ndala miguuni. Mallena aliingia nyuma yangu, amejifunga kitambaa cha kanisani, anahema kidogo.

Tatana alikuwa amesimama kando ya meza, mikono kiunoni. Makaroni yalikuwa vilevile. Mvinyo vilevile. Sahani ya papasini ilikuwa vilevile, isipokuwa juu palikuwa wazi. Ile moja haikuwepo. Juu ya kitambaa palikuwa na chengachenga kidogo, na pembeni ya sahani, imetengwa kwa uangalifu, palikuwa na zabibu moja.

Nilimtazama Mallena. Mallena alikuwa anatazama dari. Sikumuuliza kitu wakati ule, na sitamuuliza, na nyinyi mkikutana naye msimuulize.

"Kaka yangu huyo," akasema hatimaye, bila kushusha macho. "Hajawahi kuwa na adabu mezani."

Tatana aliinama juu ya sahani. Sikujua kitu gani kinakuja. Kilikuja kicheko kidogo, kile kile cha nyuma ya ukuta, cha mchumba anayeona haya.

"Ameila yangu," akasema. "Ameila kwa hamu."

Akaiokota ile zabibu kwa vidole viwili, akaitia mdomoni, akaitafuna taratibu mpaka ikaisha.

"Alichobakiza ni changu," akasema, akaenda kutuwekea kahawa.